Bi Zillah na Wanaume Wasiosikia Baridi

Pale Thorncote mwanamume alisamehewa mengi. Alewe Jumamosi, apigane Jumapili, asahau hata jina la mama mkwe wake, watu wangemcheka wiki nzima kisha wakamwachia. Lakini aonekane ameusogelea moto kuliko wenzake, au amejifunga skafu kabla theluji haijaanguka, basi huyo kwisha habari yake. Angeitwa nesh, na jina lingemfuata hadi makaburini, na wachimba kaburi wangeulizana kwa sauti kama marehemu atahitaji blanketi.

Nesh ni neno la kwetu Derbyshire na la majirani zetu. Mtu wa London ukimwita nesh atadhani umepiga chafya. Sisi tunajua maana yake: ni mtu anayesikia baridi pale ambapo wenzake wameamua kutoisikia. Mtoto wa shule anayevaa glavu ni nesh. Mchimba makaa anayekumbatia kikombe cha chai kwa mikono miwili ni nesh. Paka anayekataa kutoka nje wakati wa mvua naye ni nesh, ila paka hajali, na ndiyo maana paka wanaishi raha kuliko wanaume wa kwetu.

Zillah Marples alilijua neno hilo kwa upande wa ndani, yaani upande wa bitana. Alikuwa fundi cherehani, na nyumba yake ilikuwa ya mwisho katika mstari wa nyumba za wachimba makaa, mkono wa kushoto ukipanda kwenda shimoni. Wanawake walipita mlango wa mbele wakiwa na magauni yao ya kupunguza na mapazia yao ya kugeuza. Wanaume walipita mlango wa nyuma, mmoja mmoja, wakitazama huku na huku kama wezi wa kuku, na kwapani kila mmoja amekunja koti la sare ya bendi.

Bendi ya matarumbeta ya Thorncote ilikuwa fahari ya kijiji. Na bendi hiyo ilikuwa na sheria moja kubwa kuliko Amri Kumi: hakuna kabuti. Iwe mvua, iwe barafu, iwe upepo wa kung'oa vigae, wapigaji walitoka na koti jembamba la sare lenye vifungo vya shaba, shingo wazi, masikio wazi. Watu wa vijiji vya jirani walipowaona wakipita na mabega wima kama wako kwenye jua la kiangazi, walivua kofia. Wale si watu, walisema, wale ni chuma.

Chuma hicho ndicho kilichokuja kwa Bi Zillah kwa mlango wa nyuma.

Wa kwanza kila mwaka alikuwa Jabez Bagshaw, mpiga besi, jitu la watu. Kila asubuhi ya baridi Jabez alivunja barafu kwenye hodhi la farasi na kujimwagia maji kichwani, na alihakikisha kuna watazamaji. Yeye ndiye aliyekuwa hodari wa kuwaita wengine nesh, sauti yake ikasikika mpaka kanisani.

"Bi Zillah, bata wangu," angesema, maana kwetu bata ni neno la upendo, hata kwa mtu usiyemjua jina, "mke wangu ananikosesha raha. Anasema koti limelegea kifuani. Hebu nitilie kitu kidogo humo ndani."

"Kitu gani, Jabez?"

"Kitu tu."

"Cha kuzuia baridi?"

"Nani kataja baridi? Umenisikia nikitaja baridi? Mimi nimesema kitu."

"Haya. Kitu kinene au chembamba?"

Jabez alitazama dirishani, akatazama mlangoni. "Kinene," alinong'ona. "Na hili liishie hapa hapa."

Baada ya Jabez alikuja mpiga ngoma, ambaye alidai ni kamba ya ngoma inayomkwaruza mbavu. Kisha akaja Mwalimu Allsop wa shule ya kijiji, mpiga tarumbeta dogo, mtu mwembamba aliyejaribu kueleza habari ya mkao wa koti mpaka akajichanganya mwenyewe. Wakaja wengine wote. Kila mmoja alimwapisha asiseme, na kila mmoja aliamini kwamba katika bendi nzima ni yeye peke yake mwenye aibu hiyo. Walimlipa kwa sungura, kwa vitunguu vya majani, kwa ndoo ya makaa mazuri. Bi Zillah alishona flaneli ndani ya vifua vyao na akanyamaza. Siri ya mtungi aijuaye kata, na kata hii ilikuwa na mdomo uliofungwa kwa uzi maradufu. Alijivunia hilo. Ungeweza kumpa dhahabu asikutajie jina moja.

Katika bendi nzima ni mtu mmoja tu ambaye kweli hakuwa na kitu chini ya koti lake. Naye alikuwa kiongozi wa bendi, Enoch Marples, mumewe.

Enoch aliingia shimoni akiwa mtoto wa kimo cha sepetu, na vumbi la makaa lilimfuata kifuani likajijengea nyumba. Kila asubuhi alikohoa akiwa ameshika ukingo wa beseni mpaka mishipa ya shingo ikamsimama. Kabla ya Krismasi ya mwaka ule daktari alimsikiliza mgongo, akavaa miwani yake taratibu, akasema, "Bwana Marples, mafua yakikushuka kifuani mara moja tu majira haya, mimi sikuahidi kwamba utaiona miti ikichipua." Bi Zillah alikuwepo. Alimsikia kwa masikio yake mawili, na usiku na mchana maneno yale yalimkaa kama mwiba wa samaki kooni.

Na kulikuwa na siku inakuja. Tarehe mosi Januari, mwaka wa elfu moja mia tisa arobaini na saba, mashimo yote ya makaa ya nchi yangetoka mikononi mwa matajiri na kuwa mali ya taifa. Pale Thorncote bendera ingepandishwa juu ya shimo, kule mlimani ambako upepo unatoka moja kwa moja kwenye nyika bila kupiga hodi popote. Bendi ingepiga. Enoch alikuwa ameingoja siku ile maisha yake yote, na baba yake kabla yake aliingoja akafa hajaiona. Kumwambia abaki kitandani ilikuwa kama kumwambia bwana harusi abaki nyumbani.

"Nenda," Bi Zillah alimwambia. "Nani kakukataza? Lakini utavaa kabuti."

"Sivai."

"Lipo pale nyuma ya mlango."

"Najua lilipo."

Lilikuwepo, kweli. Kabuti zito la sufu, rangi ya buluu iliyokolea, la mtoto wao Wilf. Walimnunulia alipofika umri wa utu uzima. Alilivaa majira mamoja tu ya baridi. Kisha paa la shimo likamwangukia, na tangu siku hiyo, miaka mitatu sasa, kabuti lilining'inia kwenye msumari wake nyuma ya mlango wa jikoni. Kila Jumamosi Bi Zillah alilipiga brashi, akalirudisha. Nguo wakati ule zilikuwa za mgao na kuponi zao zilikuwa zimekwisha; kabuti jingine halikuwepo, labda waibe.

"Kwa nini huvai?" aliuliza, mikono kiunoni.

"Mimi ni kiongozi. Nimewazuia vijana miaka yote hii. Leo nipande pale nimejifunika kama kikongwe? Unataka waniite nesh?"

"Bora uitwe nesh kuliko uitwe marehemu."

"Mama, niache."

Hakumwacha. Usiku Enoch aliposinzia, mkewe alimtilia karatasi ya kaki katikati ya koti lake la sare na bitana, akashona vizuri, mshono hauonekani. Asubuhi alimkuta Enoch mbele ya jiko amepiga magoti, kisu kidogo mkononi, anawashia moto karatasi ile ile kipande kwa kipande.

"Inawaka vizuri," Enoch alimwambia. "Asante."

Mkaidi hafaidi mpaka siku ya Idi, na kwetu Idi hakuna.

Sasa usidhani Bi Zillah alilichukia neno nesh. Hapana. Alichukia lilivyotumika. Bibi yake, Keziah, alikuwa mtu wa kondoo, wa kule juu nyikani, na kinywani mwa bibi yule nesh halikuwa tusi hata kidogo. Unga wa mkate uliovimba vizuri ukabonyea kwa kidole, huo ulikuwa nesh. Majani ya saladi ya kwanza, mwanakondoo aliyezaliwa alfajiri, nesh. Zillah alikumbuka alivyoshikwa mkono akiwa mdogo, ukawekwa juu ya utosi wa mdogo wake mchanga, pale panapodunda. "Taratibu," bibi alimwambia. "Hapo ni nesh." Maana yake laini. Maana yake kitu kinachoumia upesi kwa sababu ki hai. Kisha mashimo yakachimbwa, wanaume wakashuka chini na neno wakashuka nalo, na lilipopanda tena juu lilikuwa na uso mweusi na mdomo mchafu, hata bibi mwenyewe hangelitambua.

Mwalimu Allsop alimwunga mkono Jumapili moja kwenye chai. Alisema neno hilo lina umri wa miaka elfu na zaidi, limo katika vitabu vya mahubiri vya zamani mno, vya Kiingereza ambacho Mwingereza wa leo hawezi kukisoma mpaka afundishwe. Maana yake ilikuwa ulaini, alisema, na hata moyo wa mtu uliweza kuwa nesh, na huo ukawa moyo wa huruma.

"Miaka elfu!" Enoch alisema, akipaka mkate wake mafuta ya nyama. "Basi limezeeka. Lizikwe."

"Utalitangulia," Bi Zillah alisema, akammiminia chai.

Wiki ile ile wanaume walianza kupita mlango wa nyuma. Flaneli za miaka iliyopita zilikuwa zimeliwa na jasho na nondo, na kila mmoja alijua upepo wa mlima ule. Bi Zillah alikuwa na blanketi kuukuu kabatini, laini, nene, angeweza kulikata na kuwatosheleza wote. Alilitoa, akalitandaza mezani, akalitazama. Akalikunja akalirudisha kabatini. Kisha akavaa kofia yake akaenda duka la ushirika kuomba karatasi ya kaki, ile nzito ya kufungia sukari, kadiri walivyoweza kumpa.

Hakuna aliyeshangaa, maana karatasi ya kaki ni dawa ya kwetu. Nani hakulelewa na mafuta ya bata bukini kifuani na karatasi ya kaki juu yake? Inazuia upepo kuliko sufu. Ina kasoro moja tu.

"Bi Zillah," Jabez alisema alipojaribu koti lake, akainua bega moja, akalishusha. "Inalia."

"Inalia ukisimama kimya, Jabez. Wewe lini ulisimama kimya?"

Jabez akafikiri, akaona ni kweli, akaenda zake.

Siku yenyewe ilipambazuka na sakitu, umande ulioganda, juu ya kila kitu, hata kwenye uzi wa buibui. Bendi ilijipanga chini ya kijiji, ikapanda mlima ikipiga, na kati ya ngoma, viatu vya misumari na watoto waliokuwa wakikimbia pembeni, hakuna ambaye angesikia karatasi. Enoch alitangulia, kifua mbele, koti lake jembamba limefungwa vifungo vyote. Bi Zillah alikuwa nyuma na wanawake, na juu ya mkono wake amelaza lile kabuti la buluu.

"Unampelekea nani hilo?" jirani yake aliuliza.

"Mwenye baridi."

"Bendi ya Thorncote hawana baridi, bata."

"Tutaona," Bi Zillah alisema, na aliendelea kupanda bila kuhema.

Juu pale kijiji kizima kilikuwa kimekusanyika chini ya gurudumu kubwa la shimo, lile linaloshusha wachimbaji na kuwapandisha. Mzee aliyefanya kazi miaka mingi kuliko wote ndiye angevuta kamba ya bendera. Kulikuwa na hotuba, na kwa bahati njema mtoa hotuba naye aliona baridi, hivyo ikawa fupi. Kisha akasema kwamba kabla bendera haijapanda, tusimame kimya kwa ajili ya wote walioshuka kwenye shimo lile wasipande tena.

Kofia zikavuliwa. Gurudumu lilikuwa limesimamishwa. Hata watoto walinyamaza, kwa kuwa hapakuwa na nyumba isiyokuwa na mtu wake chini ya ardhi ile.

Mwanzo ilikuwa sauti ndogo tu. Krr. Mtu amebadilisha mguu. Kisha krr nyingine upande wa ngoma. Mpiga tarumbeta mmoja alijaribu kuzuia pumzi. Alipoiachia, kifua chake kikalia kama mtu anayefungua kifurushi kanisani. Wanaume wakakaza macho mbele, kila mmoja akiomba Mungu watu wasijue ni yeye, na kila mmoja akianza kuhisi kwamba ile ya jirani haikuwa mwangwi wa ile ya kwake.

Enoch alisikia. Sikio la kiongozi wa bendi halilali. Lakini aliheshimu kimya mpaka kikaisha, kamba ikavutwa, bendera ikapanda, naye akainua fimbo yake kwa ajili ya wimbo. Fimbo ikipanda, wapigaji wanavuta pumzi kwa pamoja, ndivyo wanavyofundishwa. Wakavuta.

KWARUUU!

Ilikuwa kama duka zima la ushirika limefungua sukari kwa wakati mmoja. Enoch akaishusha fimbo. Kijiji kizima kikasimama mdomo wazi.

"Jabez," Enoch alisema.

"Naam, bwana."

"Vuta pumzi."

Jabez alivuta ndogo kadiri alivyoweza. Krrr.

"Mwalimu."

Krrr.

"Na wewe wa ngoma."

"Bwana Enoch, mimi ni ile kamba..."

"Vuta."

Krrr.

Ndipo wapigaji walipogeukiana. Jabez alimtazama mpiga ngoma, mpiga ngoma akamtazama Mwalimu, na miaka ya kujificha ikawashuka usoni. "Na wewe?" "Kumbe hata wewe!" "Tangu lini?" "Tangu kabla ya vita, ndugu yangu!" Mtoto mmoja alianza kucheka, mama yake akamziba mdomo, kisha mama mwenyewe akashindwa, na kicheko kikashika mlima wote. Mke wa Jabez alikaa chini kabisa kwenye sakitu, hana nguvu.

"Mama," Enoch aliita juu ya kelele ile.

"Abee."

"Umewatilia nini watu wangu?"

"Waulize wenye makoti. Mimi niliapa nisiseme, na sijasema neno kwa mtu." Na ilikuwa kweli. Makoti ndiyo yaliyosema.

"Nesh!" Jabez alinguruma, uso mwekundu kama nyama, kisha akaanza kucheka mwenyewe. "Nesh sote, jamani! Kumbe miaka yote hii nilikuwa nateseka peke yangu pamoja na nyinyi! Mficha uchi hazai!"

Hapo ndipo Bi Zillah aliposogea mbele. Alikuwa amengoja dakika hiyo tangu alipolikunja lile blanketi na kulirudisha kabatini. Alilishika kabuti kwa mabega, akalifungua mbele ya mumewe kama fundi anavyomfungulia mteja.

"Haya. Huna tena wa kumwonea haya. Bendi yako yote nesh. Vaa."

Enoch alilitazama kabuti. Watu walingoja, bado wanatabasamu. Upepo ulikuwa unamtikisa; Bi Zillah aliona jinsi midomo yake ilivyogeuka rangi. Enoch alinyoosha mkono, akagusa ukingo wa mkono wa kabuti kwa vidole viwili, akaviondoa haraka kana kwamba vimeungua.

"Enoch," alisema, sasa kwa sauti ya chini. "Watakuita nini ambacho wao wenyewe si?"

"Siyo watu, mama. Wala siyo baridi."

"Ni nini basi?"

"Nikilivaa mimi," alisema, "yeye halivai tena."

Bi Zillah alikuwa amepima vifua vya wanaume wote wa Thorncote. Alijua nani ana bega la juu, nani ana tumbo analolikana, nani kakonda na hataki mkewe ajue. Na kifua hiki kimoja, alicholala kando yake tangu ujana, hakuwa amekipima. Alikuwa na uhakika ni kiburi. Kiburi kilikuwepo, kweli, lakini kilikuwa juu juu tu, kama koti la sare. Chini yake kulikuwa na hili. Na yeye je? Kila Jumamosi na brashi yake, akilirudisha kabuti kwenye msumari, vifungo vikitazama upande ule ule kama Wilf alivyoviacha. Alikuwa akimtunzia nani? Moyo ulimuuma hata akaona gurudumu la shimo linacheza mbele ya macho. Lakini hakulishusha kabuti.

"Halivai tena, Enoch," alisema. "Tulishamweka pale chini ya ukuta wa kanisa mimi na wewe. Lakini baba yake yuko hapa juu anatetemeka, na mimi sitaki kila Jumamosi nipige brashi koti lako pia."

Hakuna aliyecheka sasa. Wale wa mbele walisikia, na wa nyuma waliona nyuso za wa mbele wakanyamaza.

Enoch aligeuka akampa mgongo. Kisha, polepole, alinyoosha mikono yake nyuma, kama mtoto anayevalishwa kwenda shule. Bi Zillah akamvalisha. Wilf alikuwa mrefu kuliko baba yake, mikono ya kabuti ilimfunika hadi vidoleni. Akatoa pini kwenye ukosi wa gauni lake, alikozichomeka siku zote, akaikunja mikono ile pale pale mbele ya taifa na bendera yake, akabana moja kushoto, moja kulia, akafunga vifungo mpaka cha shingoni. Enoch aligeukia bendi yake.

"Nyinyi mmejaza karatasi vifuani," alisema kwa sauti ya shimoni, ile inayosikika juu ya mashine. "Mmeniaibisha mbele ya kijiji. Mimi sina karatasi. Hata kipande. Na katika watu wote mnaowaona hapa leo, hakuna aliye nesh kunizidi."

Akakohoa, akajifuta, akainua fimbo. Wapigaji wakavuta pumzi, karatasi zikalia zote kwa pamoja, na safari hii hapana aliyejaribu kuzizuia. Walipiga wimbo ule vizuri kuliko walivyowahi kuupiga.

Baridi iliyofuata, watu wa kwetu wanaisimulia hadi leo. Theluji ilifika madirishani, treni zikakwama, kondoo wakafukuliwa kwa sepetu. Wanaume wa Thorncote walikuja kwa Bi Zillah na makoti, na suruali, na kofia za kutiliwa bitana, nao walikuja kwa mlango wa mbele, wakapanga foleni barabarani wakibishana nani kati yao ni nesh zaidi. Jabez alidai ushindi. Lile blanketi kuukuu lilikatwa siku ya kwanza. Enoch alikuwa akikaa kando ya jiko amevaa kabuti la buluu hata ndani ya nyumba, akiwakosoa wote, na msumari nyuma ya mlango ulining'inizwa mfuko wa vitunguu.

Theluji iliyeyuka kwa kuchelewa, ikaacha matope kila mahali. Asubuhi moja Bi Zillah alikuwa kwenye cherehani, mgongo kwa mlango, akamsikia Enoch akiingia kutoka bustanini na kukohoa kwake, akifuta viatu. Alisimama nyuma yake. Juu ya gauni la mteja alilokuwa akishona mkewe, akaweka jani la saladi, la kwanza la mwaka, dogo, bado lina maji.

"Onja, mama," alisema. "Nesh hilo."